Kofia na Uso: Uchambuzi wa Kisa cha Daktari P.

Vichache ni visa vya utabibu vya karne ya 20 vilivyosomwa na watu wengi nje ya hospitali kama kisa cha Daktari P., mwimbaji na mwalimu wa muziki ambaye, akidhani kwamba mazungumzo yake na tabibu yamekwisha, alianza kuitafuta kofia yake, akanyosha mkono, akakishika kichwa cha mkewe, akajaribu kukiinua ili akivae. Aliyekiandika, Oliver Sacks, alikuwa tabibu wa magonjwa ya ubongo, mzaliwa wa London wa mwaka 1933, aliyeishi na kufanya kazi New York hata alipofariki mwaka 2015. Kisa kilitokea kwanza katika London Review of Books mwezi wa Mei 1983. Mwaka 1985 kikawa cha kwanza katika kitabu chake, The Man Who Mistook His Wife for a Hat, nacho kikakipa kitabu jina. Mwaka 1986 Michael Nyman alikitungia opera, na mwaka 1993 Peter Brook alijenga juu ya kitabu hicho mchezo wa kuigiza huko Paris. Kazi iliyopewa heshima kiasi hicho yastahili kuulizwa swali ambalo wasifu wake hawakupenda kuliuliza: je, yale isemayo juu ya uso wa mwanadamu, na juu ya akili iutambuayo uso huo, ni ya kweli?

Jina la kisa humtega mfasiri tangu mwanzo. Akisema "Mtu Aliyemdhania Mkewe Kofia", amelitia kosa katika dhana, yaani katika kazi ya kufikiri. Lakini Kiswahili kina neno jingine ambalo watu hulitumia kila siku. Mtu akimwendea mwenziwe sokoni, akamwamkia kwa jina lisilo lake, hutaka radhi kwa kusema, "Samahani, nimekufananisha." Hasemi kwamba amefikiri vibaya, asema kwamba jicho lake limeiweka sura moja juu ya nyingine, na hazikulingana. Ole wake mfasiri atakayeandika "Mtu Aliyemfananisha Mkewe na Kofia", kwa maana hapo msomaji ataelewa kwamba mume alimtukana mke! Hata hivyo, tofauti ya maneno haya mawili, kudhani na kufananisha, ndiyo tofauti ambayo kisa chenyewe kimeivuruga.

Ustadi wa Sacks haukanushiki. Hamwanzishii msomaji kwa jina la ugonjwa. Humpa kwanza mtu mwungwana, mcheshi, mwenye elimu na mazungumzo mazuri, ambaye hakuna aonaye kasoro kwake ila hii, kwamba humwelekea mzungumzaji kwa sikio kuliko kwa jicho. Macho ya Daktari P. yaruka kutoka puani mwa tabibu hadi sikioni, kutoka sikioni hadi kidevuni, kama kwamba yakagua vitu mbalimbali vilivyotawanyika, wala hayatulii juu ya uso mzima hata mara moja. Barabarani hupapasa vichwa vya mabomba ya maji ya zimamoto akidhani ni watoto. Akivuliwa kiatu hajui lipi ni guu na kipi ni kiatu. Akionyeshwa picha ya jangwa la Sahara hueleza mto na nyumba ya wageni ambavyo havimo. Akipewa waridi hueleza umbo lake kama mpimaji wa ramani, rangi yake na mikunjo yake na kikonyo chake, bila ya kujua ni kitu gani, mpaka alipeleke puani; hapo harufu humpa mara moja kile ambacho macho yamemnyima. Ukurasa huo wa waridi ni bora kuliko ule wa kofia. Kofia huchekesha, na kicheko hupita. Waridi humwonyesha msomaji kwamba mtu aweza kuona kila sehemu ya kitu na bado asikione kitu.

Baada ya kumpa msomaji haya yote, Sacks hutoa fundisho lake, na hapo ndipo ubishi uanzapo. Adai ya kuwa Daktari P. amepoteza hukumu, ile nguvu ya nafsi ya kukijua kitu kizima kwa hisia na kwa uhusiano. Kwamba amebaki kama mashine ya kuhesabu, yenye kujumlisha alama na kukisia jawabu. Na kwamba elimu ya ubongo ya zama hizo, kwa kuwa nayo haikutaka kushughulika na hisia na nafsi, imeingia katika maradhi yale yale ya mgonjwa wake. Ni fundisho zuri, na kama shutuma juu ya wataalamu huenda lilihitajiwa. Lakini likipimwa juu ya uso, halisimami.

Uso hautambuliwi kwa hukumu. Ubavuni mwa kichwa, nyuma ya panja na sambamba na sikio, mna sehemu ya ubongo iliyolala kila upande, kulia na kushoto, ambayo kwa wepesi yaweza kuitwa ubongo wa panjani. Chini yake mna mkunjo ambao wataalamu huuita fusifomu, kwa kuwa umbo lake lafanana na kijiti cha kusokotea uzi, kinene katikati na chembamba nchani. Mwaka 1997 Nancy Kanwisher, Josh McDermott na Marvin Chun, wakitumia mashine inayopima mwendo wa damu ubongoni, walionyesha kwamba pahali padogo katika mkunjo huo, hasa upande wa kulia, huamka zaidi mtu aonapo uso kuliko aonapo nyumba, au mkono, au chombo chochote. Kabla ya hapo, tangu miaka ya 1970, Charles Gross na wenzake walikuwa wamekwisha kupata katika ubongo wa panjani wa kima chembe zinazoitikia nyuso kuliko vitu vingine. Mwaka 2006 Doris Tsao, Winrich Freiwald na wenzao waliingiza sindano nyembamba katika pahali pamoja pa namna hiyo, wakaona karibu kila chembe iliyokuwapo ikiitikia nyuso. Kazi hii hufanyika upesi kupita kiasi: yapata sehemu 170 za elfu ya sekunde baada ya uso kutokea, alama yake huonekana tayari katika umeme wa ubongo. Muda huo hauitoshi nafsi kukaa barazani na kutoa hukumu. Mbele zaidi, karibu na ncha ya ubongo wa panjani, sura huunganishwa na habari za mwenye sura: jina lake, kazi yake, mema na mabaya yake.

Wako waliopinga, wakiongozwa na Isabel Gauthier, kwamba pahali hapo si pa nyuso peke yake bali pa kila kitu ambacho mtu amekizoea kwa ubingwa, hata ndege au magari. Mjadala huo haukumhitaji Sacks, wala yeye hangeweza kuujua mwaka 1983. Neno lenye maana kwa mhakiki ni hili tu, kwamba pande zote mbili zakubali kuwa kutambua uso ni kazi maalumu ya pahali maalumu, kazi iwezayo kuharibika hali nafsi, mapenzi na busara vimebaki vizima.

Kosa la kisa, basi, ni kuchanganya hasara mbili na kuziita moja. Daktari P. hakujua nyuso, na tena hakujua vitu. Ugonjwa wa kutojua vitu huitwa agnosia. Ule wa kutojua nyuso ulipewa jina la prosopagnosia na Joachim Bodamer, tabibu wa Ujerumani, mwaka 1947, baada ya kuwachunguza watu waliojeruhiwa kichwani katika vita. Daktari P. alikuwa nayo yote mawili, na kichwa cha mke kilichogeuka kofia ni mahali ambapo magonjwa haya mawili yamekutana. Msomaji afungaye kitabu hutoka akiamini kwamba asiyejua nyuso ni mtu awezaye kumvaa mkewe kichwani. Si kweli. Prosopagnosia iliyo safi haimfanyi mtu ashindwe kujua kwamba uso ni uso. Ajua kwamba mbele yake pana pua, macho na mdomo, ajua kwamba mwenye uso amekasirika au amefurahi mara nyingi, lakini hajui ni nani.

Ushahidi bora wa utengano huu, kama kwamba ulitungwa makusudi kwa ajili ya wanafunzi wa sanaa, umo katika kisa ambacho hakikupata opera. Mwaka 1997 Morris Moscovitch, Gordon Winocur na Marlene Behrmann walichapisha habari za mgonjwa waliyemwita C.K., ambaye alikuwa kinyume cha wagonjwa wa Bodamer: vitu vilimshinda kuvitambua kwa macho, lakini nyuso alizitambua sawasawa na watu wazima wa afya. Wakamwonyesha picha za Arcimboldo, yule mchoraji wa Italia wa karne ya 16 aliyejenga vichwa vya watu kwa matunda, mboga na maua. Mtazamaji wa kawaida huona viwili pamoja, uso na mafungu ya mboga, na raha ya picha imo katika kuyumba kati ya hivyo viwili. C.K. aliona uso tu. Mboga zilizoujenga uso hakuzitambua. Hapana fundisho lolote la kupotea kwa hukumu liwezalo kueleza jambo hilo. Ikiwa hukumu ndiyo itambuayo, C.K. aliwezaje kuwa nayo kwa pua na kuikosa kwa figili?

Kisa kingine, kilichochapishwa na Jane McNeil na Elizabeth Warrington mwaka 1993, ni cha mtu aliyepoteza nyuso za watu baada ya ubongo wake kudhurika, kisha akaanza kufuga kondoo. Akajifunza kuwajua kondoo wake mmoja mmoja kwa sura zao, hali sura za jirani zake zimemshinda. Katika mikono ya Sacks kisa hiki kingetoka kurasa ishirini za ajabu. Wale wawili walikiandika kwa uchovu wa majedwali, na kwa kweli ukavu huo una heshima yake: hakuna mstari unaomcheka mtu yule, wala unaomgeuza kuwa mfano wa kitu kingine.

Na hisia je, ambazo Sacks adai kuwa ndizo zilizompotea mgonjwa wake? Mwaka 1984, mwaka mmoja tu baada ya kisa kutokea gazetini, Russell Bauer alieleza habari za mtu asiyejua nyuso ambaye, akionyeshwa sura ya mtu amjuaye huku akisomewa majina kadhaa, ngozi yake ilitoa jasho dogo kwenye jina la kweli, hali mdomo wake ukisema sijui. Mwili ulimkumbuka mtu ambaye jicho lilimkana. Kinyume chake kilikuwa kimekwisha kuelezwa na Joseph Capgras na Jean Reboul-Lachaux huko Ufaransa mwaka 1923: mwanamke aliyeziona sura za jamaa zake sawasawa, akakiri kwamba zafanana kabisa, na bado akashikilia kwamba wao si wao bali ni laghai waliovaa sura hizo. Yeye sura alikuwa nayo. Lililokosekana, kama wataalamu wa baadaye walivyofikiri, ni ule ujoto unaoandamana na sura ya mpendwa. Hivyo kuona, kutambua na kuona moyoni ni kazi tatu, na kila moja yaweza kukatika peke yake. Kisa cha Daktari P. kimezifunga zote tatu katika kitita kimoja kwa kamba ya falsafa.

Yafaa kusemwa pia jambo ambalo lilizushwa upya mwezi wa Desemba 2025, pale gazeti la The New Yorker lilipochapisha makala ya Rachel Aviv iliyotokana na barua na shajara za Sacks, ambamo mwandishi huyo alijilaumu kwa siri kwamba baadhi ya visa vyake alivitia mambo yake mwenyewe. Wengi watauliza sasa kama Daktari P. astahili kusadikiwa hata kidogo. Njia moja ya kujibu, na ni njia ya uhakiki zaidi kuliko ya upelelezi, ni kuuliza ni mambo gani katika kisa hayamletei mtungaji faida yoyote. Kofia yamletea jina la kitabu. Mashine ya kuhesabu yamletea fundisho. Lakini pana mahali pamoja ambapo tabibu amwambia mgonjwa afikiri kwamba atembea katika uwanja wa mji wao, akiingia kwa upande wa kaskazini, na amtajie majengo. Mgonjwa ataja majengo ya mkono wa kulia tu. Aambiwapo aingie kwa upande wa kusini, ataja yale aliyoyaacha, na kuyasahau yale aliyoyataja. Upande wa kushoto wa dunia umemponyoka, hata katika dunia ya mawazo. Sacks alisimulia hili kwa haraka, akaenda zake kwenye riwaya ya Tolstoy. Walakini kupoteza upande wa kushoto ni alama ijulikanayo ya madhara katika nusu ya kulia ya ubongo, na nusu hiyo ya kulia ndiyo yenye sehemu kubwa zaidi ya kazi ya kutambua nyuso. Alama mbili zisizofanana zaelekeza kidole mahali pamoja, na msimulizi hakuzitumia kupamba chochote.

Hali kadhalika ukurasa wa picha. Daktari P. hakuwatambua jamaa zake, wala wanafunzi wake, wala nafsi yake. Lakini Einstein alimtambua kwa nywele na masharubu, na ndugu yake Paul kwa taya la mraba na meno makubwa. Hivyo ndivyo wafanyavyo watu wa prosopagnosia dunia nzima: hushika alama moja iliyo wazi, chunusi au mwanya au mwendo, na kuifanya badala ya uso. Mtu akinyoa ndevu, amepotea. Hapa Sacks aliona kweli, ila aliita umashine kile ambacho ni werevu wa mtu aliyenyang'anywa kitu na kujitafutia kingine.

Alipaswa kuujua werevu huo kuliko mtu yeyote, maana alikuwa nao mwenyewe. Mwezi wa Agosti 2010 alichapisha katika The New Yorker insha juu ya kutojua nyuso, iliyoingia mwaka huo huo katika kitabu chake The Mind's Eye, na humo akaeleza kwamba yeye amezaliwa na hali hiyo, na kwamba nduguye aliyekaa Australia alikuwa nayo pia. Baada ya kuagana na tabibu wake wa nafsi aliyemzoea kwa miaka, alikutana naye dakika chache baadaye mlangoni mwa jengo asimjue. Alipata kumwomba radhi mtu mwenye ndevu nyingi aliyekaribia kugongana naye, kumbe ni yeye mwenyewe katika kioo. Insha hii haina mapambo ya ile ya kwanza. Ina urudiaji, ina mahali palipolegea, na mwishoni yafanana na ripoti. Lakini ni ya kweli zaidi, na kwa uso wa mwanadamu ni ya haki zaidi, kwa sababu humo asiyejua nyuso si ajabu ya kutazamwa bali ni mtu anayeona haya.

Haya hiyo ndiyo kiini cha jambo. Waswahili husema uso umeumbwa na haya; na mahali ambapo kupita bila ya kuamkiana ni dharau, asiyetambua nyuso huhesabiwa kuwa ndiye asiye na haya: ana kiburi, amepata cheo, amewasahau wenzake. Wala si watu wachache. Katika uchunguzi uliofanywa Münster, Ujerumani, na kuchapishwa mwaka 2006, kati ya wanafunzi 689 walipatikana 17 walio na hali hiyo tangu kuzaliwa, yaani zaidi kidogo ya wawili kwa kila mia. Wengi wa namna hii huishi bila ya kujua kwamba wenzao huona kitu wao wasichokiona. Kisa cha mwaka 1983 hakiwezi kumwamsha hata mmoja wao, kwa kuwa hakuna kati yao aliyewahi kumdhania mtu kofia. Atakisoma, atacheka pamoja na wengine, na kesho atampita mjomba wake njiani.

Limebaki neno la mke. Katika kisa chote hana jina, na hilo ni desturi ya utabibu. Lakini hana hata sura. Msomaji apewa pua na kidevu cha tabibu, taya la Paul, nywele za Einstein, na uso wa mwanamke ambaye kisa kimeitwa kwa ajili yake hauelezwi kwa sentensi moja. Kazi yake ni kuziweka nguo za mumewe mahali pale pale kila siku, ili mume avae huku akiimba, na kumwekea chakula, na kuwa kichwa. Mara moja tu apandisha sauti: tabibu atazamapo picha alizochora Daktari P. ukutani, jinsi zilivyotoka katika ufundi wa kuonyesha vitu kama vilivyo hadi kwenye mistari na madoa yasiyo na umbo, na kuona humo mwendo wa ugonjwa, mke amjibu kwa ukali kwamba matabibu hawajui sanaa, na kwamba huko ni kukua kwa mchoraji. Sacks apima maneno yake, akiri kwamba huenda pana ukweli kidogo ndani yake, kisha apita. Picha hizo alizitazama kama tabibu. Mke alizitazama kama mtu aliyeishi nazo, na aliyemjua mchoraji kwa sauti, kwa mwendo, kwa harufu ya koti lake, miaka mingi kabla ya siku ile mkono ulipomfikia kichwani.